Mwaka Ulioandikwa Kwenye Kengele Yetu

Nilikuwa nimeinama kufunga kamba ya kiatu, pale stesheni ya Moshi. Mvua ilikuwa imekatika muda mfupi tu. Karibu na mguu wangu kulikuwa na rundo la reli chakavu, zile zilizong'olewa njiani na kulazwa pembeni kwenye majani. Maji yalikuwa yameosha vumbi ubavuni mwa moja, na tarakimu nne zilikuwa zimejitokeza, zimenyanyuka kutoka kwenye chuma chenyewe kama mishipa inavyonyanyuka kwenye mkono wa mzee.

1910.

Nilibaki vilevile, nimeinama, kamba iko mkononi. Mwaka huo ninaujua. Ninaujua kwa vidole kabla sijaujua kwa macho.

Kengele ya kanisa letu ni kipande cha reli. Kimening'inizwa kwa mnyororo kwenye tawi la mringaringa, na nyundo yake imefungwa kwa kamba ya katani kwenye shina. Tulipokuwa watoto wa shule ya Jumapili tulikuwa tunasimama pale tukimsubiri mwalimu, na kila mmoja alikuwa na zamu ya kupitisha kidole kwenye tarakimu zile. Moja, tisa, moja, sifuri. Ile tisa ina mkia uliopinda kwa ndani. Hii ya stesheni nayo ilikuwa na mkia uliopinda kwa ndani.

Siku hiyo nilikwenda kupokea mgeni tu. Nilirudi nyumbani na neno lililokataa kunitoka kichwani kwa wiki sita.

Historia fupi

Mtaa wetu, tawi dogo la usharika wa Kilutheri, uko upande wa mashariki wa mlima Kilimanjaro, juu, migomba inapoanza kuuachia msitu nafasi. Kanisa ni la mbao. Ni dogo: watu mia moja wakibanana, na siku ya Krismasi wanaorudi kutoka mijini wanasimama nje madirishani. Rangi yake ya nje imepakwa mara nyingi kiasi kwamba kingo za mbao zimekuwa za mviringo.

Kila mtu anajua kwamba lilijengwa na Mjerumani mwaka 1910. Iko kwenye kibao cha barabarani. Iko kwenye vitenge vilivyochapwa kwa ajili ya jubilei ya miaka 115. Na iko kwenye historia fupi ya mtaa, ile itakayosomwa siku yenyewe baada ya mahubiri, kabla ya mnada wa sadaka.

Historia hiyo niliiandika mimi.

Kamati iliniomba kwa sababu nimefundisha somo la historia miaka mingi, nami niliiandika jioni moja bila kusita. Niliandika kwamba wamisionari wa Leipzig, wale Walutheri kutoka Ujerumani, walifika Machame mwaka 1893, Mamba mwaka 1894, injili ikapanda kijiji kwa kijiji, na mwaka 1910 "wakatujengea kanisa hili". Ya Machame na Mamba ni ya kweli, hayana shaka. Lakini tangu siku ile ya stesheni, nikifika kwenye "wakatujengea", nashindwa kuendelea. Tazama jinsi kitenzi kile kilivyo. Kimebeba mtoaji na mpokeaji ndani ya neno moja. Wao wamejenga, sisi tumejengewa. Nililiandika bila kufikiri, na lilikaa kwenye sentensi vizuri kabisa, na ndilo lililoniogopesha.

Mwaka ulioko kwenye reli ni mwaka wa reli. Kiwanda kilipoyeyusha chuma na kukisukuma kati ya magurudumu yake, kiliuacha mwaka ubavuni. Hauhusiani na kanisa lolote.

Halafu nikajiuliza swali la pili, ambalo lilipaswa kuwa la kwanza: kipande cha reli kilifikaje kule juu?

Njia ya reli kutoka Tanga ilifika Moshi mwaka 1911. Mwaka 1910 reli ilikuwa mali ya kulindwa, bado inatandikwa, na hakuna mtu angekata kipande akampa mtaa mdogo mlimani upige kengele. Iliyolegeza chuma hicho ni vita. Mwaka 1916 majeshi ya Uingereza yalipita Taveta na kuingia Moshi. Wajerumani walipokuwa wanarudi nyuma kuelekea Tanga walibomoa njia na madaraja ili adui asiitumie, na Waingereza wakaunganisha reli yao ya kijeshi kutoka Voi na hii ya kwetu pale Kahe. Baada ya hapo vipande vilivyopinda na kukatika vilikuwa vya yeyote mwenye mabega.

Kwa hiyo kengele yetu, iliyonifundisha kwamba kanisa ni la Mjerumani, ina kila dalili ya kuwa imeletwa baada ya Mjerumani kuondoka.

Upande wa nyuma wa ubao

Hilo la kengele ningeweza kulimeza. Kengele huja baada ya kanisa mahali pengi. Nilijiambia: kanisa la 1910, kengele ya baadaye, basi. Nililala na maelezo hayo siku kumi hivi.

Kisha nikaitwa kwenye msaragambo, kazi ya pamoja ya kujitolea. Kamati ilikuwa imemleta fundi abadilishe mbao za chini zilizooza kabla ya sherehe, na wanawake tulikwenda kupika. Jumamosi ya kwanza sikuingia hata ndani, nilikuwa jikoni. Jumamosi ya pili nilikwenda kumpelekea fundi chai, nikamkuta amebandua mbao kadhaa za ukuta wa sakristia na kuzilaza kifudifudi kwenye nyasi.

Nimeliona kanisa lile tangu nizaliwe. Upande wa nyuma wa mbao zake sikuwahi kuuona.

Harufu ndiyo iliyotangulia. Ni mkulo. Mti ule ukipasuliwa unatoa harufu kali inayokaribia ya kafuri, na mchwa hawaupendi. Fundi alipitisha randa mara moja tu ukingoni, na ubao uliokuwa mweusi kwa uzee ukatoa harufu kana kwamba umeangushwa juzi. Siku hizi mkulo haupatikani. Msitu wa asili wa mlima uko ndani ya hifadhi na haukatwi, kwa hiyo ukibandua ubao wa mkulo unarudishia saiprasi. Kila ubao unaotoka ni ubao usiorudi.

"Huu haukupita mashineni," fundi aliniambia, akapitisha ukucha juu yake.

Akanionyesha. Msumeno wa mashine, ule wa duara, huacha mikwaruzo iliyopinda kama upinde, inayofuatana kwa umbali ule ule mwanzo mpaka mwisho. Huu ulikuwa na mistari iliyonyooka, iliyoinama kidogo, na umbali wake haukulingana. Kipande cha mkono mmoja mistari imebanana. Kisha imetanuka. Kisha kuna hatua ndogo, kama ngazi ya sisimizi, pale msumeno ulipochomolewa na kuanza upya.

Msomaji aliyewahi kuona wapasua mbao kazini anaelewa. Gogo linapandishwa juu ya jukwaa la magogo. Mmoja anasimama juu, mwingine chini. Wa juu anafuata mstari uliopigwa kwa uzi. Leo uzi unapakwa unga mweusi wa betri kuukuu, zamani walitumia masizi. Wa chini anavuta akiwa amekunja uso kwa sababu vumbi lote linamwangukia yeye. Palipo na mistari iliyobanana ndipo mmoja wao alipochoka.

Niliweka kiganja pale palipobanana. Wala sijui niseme nini kuhusu dakika ile zaidi ya hivyo. Chai ilipoa.

J na C

Fundi ndiye aliyeona maandishi. Kwenye kona ya kila ubao, upande ule wa ndani usiopakwa rangi, palikuwa pamekwaruzwa kwa ncha ya msumari herufi moja na namba. C 4. C 5. C 6.

Tukaenda na tochi upande wa pili, penye uwazi kati ya mbao. J 9. J 10.

Kwa fundi hilo halikuwa fumbo. Mbao huandikwa namba kwa sababu moja tu: zinang'olewa mahali, na unataka zirudi kwa mpangilio ule ule mahali pengine. "Hili kanisa limehamishwa, Mwalimu," alisema, kisha akaendelea na kazi yake kama mtu aliyesema kwamba leo ni Jumamosi.

Mimi nilishikwa na herufi. Nilianza na Kijerumani, kwa mazoea yale yale yaliyonifanya niandike "wakatujengea". Nilihangaika na C kwa nusu saa. Halafu nikatoka nje, nikatazama kanisa kwa mbali, nikaona jinsi lilivyokaa. Ukuta mmoja mrefu unatazama mlima. Ukuta mwingine mrefu unatazama tambarare.

Juu. Chini.

Kwetu hakuna anayesema kaskazini. Ukimuuliza mtu njia, atakwambia panda au shuka. Ng'ombe yuko juu ya nyumba, kisima kiko chini ya shule. Aliyekwaruza herufi zile alikuwa mtu wa mlimani, aliyeishi maisha yake kati ya juu na chini, na alifikiri kwa Kiswahili alipokuwa na msumari mkononi.

"Kanisa lilishuka"

Kuna bibi mmoja, jirani yetu wa juu, mwenye miaka 93. Haoni vizuri. Masikio yake ni mazima na kumbukumbu yake inawatia aibu vijana. Nilimkuta amekaa kwenye gunia juani, anachambua maharage kwa vidole.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Wa nani wewe?"

Nilijitaja kwa babu yangu, kisha kwa kihamba chetu, shamba la migomba la ukoo, ndipo akanijua. Nikamuuliza kama amewahi kusikia kwamba kanisa lilihamishwa.

Alinyamaza kidogo, kama mtu aliyeulizwa kama amewahi kusikia kwamba kuna mvua.

"Kanisa lilishuka," alisema. "Mimi nilikuwa na meno haya ya mbele yanaota. Mfongo ulipasuka usiku, maji yakala ukingo, asubuhi kanisa limesimama kwenye mdomo wa shimo. Wakasema lishuke. Likashuka."

Mfongo ni mfereji wetu wa kumwagilia vihamba. Watoto wote wa shule walibeba. Wanaume walibeba nguzo, wanawake mbao ndefu, watoto zile fupi za chini ya madirisha. Mwalimu wa shule alikaa kwenye jiwe na msumari, na hakuna ubao ulioondoka kabla hajaukwaruza. Ukifika chini unauonyesha, unapangwa.

"Wangu ulikuwa mfupi. Wa chini ya dirisha, ule ukuta wa mlimani. Ulikuwa na kifundo kama jicho la kuku. Nilikuwa naogopa lile jicho, nikaugeuza litazame nyuma."

"Na Wajerumani walikuwepo, Bibi?"

"Wapi? Walikuwa wamechukuliwa. Vita."

Nilipiga hesabu nikiwa bado nimechuchumaa mbele yake. Mtoto wa miaka minane au tisa, mwenye miaka 93 leo. Mwanzoni mwa miaka ya 1940. Wajerumani wa Tanganyika walikuwa wamekamatwa na kuwekwa kizuizini tangu vita vilipoanza mwaka 1939, na wamisionari nao wakafuata. Kanisa letu lilishuka likiwa halina mzungu wa kulishusha.

Alinielekeza penye kiwanja cha zamani. Nilipanda mwenyewe. Hakuna jiwe, hakuna nguzo, ni magugu na kahawa iliyotelekezwa, na ukingo wa mfongo umeshazibwa zamani. Lakini masale yapo, ile mimea ya majani marefu tunayopanda kuweka alama. Yamesimama kwa mstari, yakapinda, yakarudi kwa mstari, mstatili mzima isipokuwa upande ule maji yalipokula. Nimezoea kuyaona masale mipakani na makaburini. Hii ilikuwa mara ya kwanza kuyaona yanalinda mahali ambapo hapana kitu.

Nilipima mstatili kwa hatua zangu, urefu na upana. Kisha nikashuka nikapima kanisa kwa hatua zile zile.

Zililingana.

Mwandiko uliobadilika

Kushuka ni jambo moja. Kujengwa mara ya kwanza ni jambo jingine, na hapo ndipo nilipokaa muda mrefu zaidi.

Mwinjilisti wetu alinipeleka kwenye ofisi ya usharika, ambako madaftari ya ubatizo ya zamani yamefungwa kabatini. Alinisaidia kugeuza kurasa, maana karatasi inakatika ukiikosea heshima. Miaka ya kwanza imeandikwa kwa mwandiko wa Kijerumani wa zamani, herufi zenye ncha kama miiba ya michongoma. Majina ya watu wetu yamo mle, yameandikwa jinsi sikio la mgeni lilivyoyasikia. Kuna safu ya mahali. Nilitafuta jina la mtaa wetu ukurasa baada ya ukurasa kuanzia kabla ya 1910. Halipo. Watoto wa vihamba vyetu wamo, ila wameshushwa wote misheni, mwendo wa nusu siku mgongoni kwa mama, wakabatizwa huko.

Kisha mwandiko unabadilika. Mwaka 1920.

Wasomaji wengi wanajua kilichotokea. Uingereza iliwaondoa wamisionari wa Leipzig mwaka huo, wakabaki wachache tu waliotoka nchi za Baltiki, wakiwa na mlima mzima na zaidi wa kuuhudumia. Wamarekani wa Augustana, Walutheri pia, walikuja baadaye, na Wajerumani wakaanza kuruhusiwa kurudi kuanzia 1925. Katikati hapo sharika zilikuwa mikononi mwa walimu, wale vijana wa chuo cha Marangu kilichoanza mwaka 1912 na wenzao waliofunzwa misheni. Hawakuwa wachungaji bado. Walikuwa walimu wenye ubao, chaki na kitabu cha nyimbo.

Mwandiko wa baada ya 1920 ni wa mmoja wao. Ni wa mviringo, wa kushindiliwa, wa mtu aliyejifunza kuandika ukubwani na hataki kukosea. Na ndani ya mwandiko huo, kurasa chache baadaye, kwenye safu ya mahali, jina la mtaa wetu linatokea kwa mara ya kwanza.

Mwinjilisti alikuwa wa kwanza kusema. "Kwa hiyo mara zote mbili."

Mara zote mbili. Mbao zilipasuliwa na kusimamishwa kule juu wakati Wajerumani hawapo, na zikabebwa kushushwa wakati hawapo tena. Katikati walirudi, wakahubiri humo, wakapiga picha humo, na nadhani kwa njia hiyo likawa lao. Nyumba aliyopigia picha mgeni huwa nyumba ya mgeni.

Nilitaka kufurahi. Nilifurahi kwa muda wa kutembea kutoka ofisini hadi barabarani.

"Ukisema hivyo watalibomoa"

Nilimpelekea mzee mmoja wa kanisa, mjumbe wa kamati, mtu ninayemheshimu na aliyemjua baba yangu. Nilimweleza yote: reli, mistari ya msumeno, J na C, masale, daftari. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza. Hakubisha hata moja.

"Mwalimu," alisema, "umewahi kujiuliza kwa nini kanisa hili bado lipo?"

Akaanza kuhesabu kwa vidole mitaa jirani. Wote walikuwa na makanisa ya mbao. Wote wamebomoa. Wamejenga ya tofali, yenye mnara, vigae sakafuni na madirisha ya alumini, kwa michango ya watoto wao walioko mijini. Sisi michango hiyo imetufikia mara mbili, na mara mbili zote waliotaka kubomoa walizuiwa na sentensi moja: hili ni la Mjerumani, la 1910, ni la kihistoria, wageni wanakuja kuliona.

"Sentensi hiyo ndiyo nguzo yake. Ukiitoa, kitabaki kibanda cha mbao kilichojengwa na babu zetu wakati hawana hela. Nani atakitunza? Ukisema hivyo watalibomoa. Na watakuwa na historia yako mkononi."

Sikuwa na jibu. Niseme wazi kwamba hata sasa jibu kamili sina.

Nilirudi nyumbani nikiwa nimekasirika, na hasira ile haikuwa kwake. Alikuwa amesema jambo ambalo kila mmoja wetu analijua na hakuna anayelitamka: kwamba tunakitunza cha mgeni kwa sababu ni cha mgeni, na chetu tunakihesabu kuwa ni cha muda, mpaka tupate hela. Mimi mwenyewe nililipenda kanisa lile miaka yote hii nikiamini ni la Mjerumani. Nimewaleta marafiki kutoka mbali, nikawaambia kwa sauti ya fahari, "la mwaka 1910." Je, ningewaleta kuona kazi ya wapasua mbao wasio na majina?

Nilitafuta msaada kwenye sheria. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inalinda yenyewe majengo ya kabla ya 1863. Yaliyojengwa baada ya hapo yanahitaji kutangazwa na waziri. Kwa hiyo liwe la Mjerumani au la mwalimu wa shule, mbele ya sheria ni sawa, halina kinga ya bure. Kinga pekee lililonayo ni ile iliyoko vichwani mwetu, na hiyo ndiyo nilikuwa nataka kuigusa.

Kwa siku kadhaa niliamua kunyamaza. Niliandika hata rasimu yenye maneno ya kukwepa: "kanisa hili la tangu enzi za misheni". Si uongo. Kila neno lingesimama mahakamani. Nilipoisoma kwa sauti jikoni nilijisikia kama nimeweka kitambaa juu ya uso wa mtu.

Kilichonigeuza ni kitu kidogo. Ni ile hatua ya sisimizi kwenye ubao, pale msumeno ulipotolewa na kurudishwa. Mtu alipumzika pale. Alikunywa maji, au mbege, alifuta macho, akarudi. Hakuna mahali popote duniani ambapo mtu huyo ameandikwa isipokuwa pale, na mimi ndiye niliyekuwa nimeshika kalamu ya historia fupi.

Nafasi ya tarakimu nne

Kikao cha kamati kilikuwa kirefu. Sitasimulia chote, kwa sababu baadhi ya yaliyosemwa yalisemwa kwa uchungu na waliosema wana haki ya kuyabadilisha. Kijana mmoja aliuliza vitenge vitafanywaje, na ni swali la haki, watu wametoa hela zao. Mama mmoja alisema bibi yake alikuwa akisimulia kubeba mbao na hakuna aliyemsikiliza, walidhani anachanganya na shule.

Yule mzee alizungumza mwisho. Alirudia hoja yake yote, bila kupunguza, na nilishukuru, maana ni hoja ya kweli na kikao kilipaswa kuisikia kwake na si kwangu. Kisha akasema kwamba yeye binafsi yuko tayari kulinda kanisa bila ile sentensi, ila anataka tujue kuanzia leo tunalilinda bila nguzo.

Tulikubaliana mambo matatu. Sherehe iko palepale, ila itaitwa ya shukrani, bila idadi ya miaka. Kengele inabaki, na kibao kidogo kitaeleza kwamba mwaka ule ni wa reli. Na jiwe la kumbukumbu litakalowekwa mlangoni litaandikwa kwamba mbao zilipasuliwa kwa mikono na watu wa mtaa huu, zikashushwa kwa vichwa vya watu wa mtaa huu.

Fundi wa jiwe alinipigia juzi. "Mwalimu, naona sentensi ipo ila mwaka hamna. Watu hupenda mwaka."

Nikamwambia aache nafasi ya tarakimu nne.

J 16, J 18

Jumatano iliyopita nilirudi kanisani peke yangu na tochi. Nilitaka ubao wa Bibi. Nilikuwa nimeshapanga kila kitu: tungemleta siku ya sherehe, tungemkalisha kwenye kiti karibu na dirisha, tungeuchukua mkono wake na kuupeleka kwenye kile kifundo. Nilimwahidi. Nilimwambia, "Bibi, nitakutafutia lile jicho la kuku."

Ukuta wa mlimani, chini ya dirisha la pili. Fundi alikuwa hajarudishia ubao wa ndani, kwa hiyo nyuma panaonekana. J 15. J 16. Kisha ubao mweupe, mpya, wa saiprasi, bado una harufu ya dukani. Kisha J 18.

Nikampigia fundi palepale.

"Mfupi? Wenye jicho?" alisema. "Naukumbuka. Ulikuwa umeoza upande mmoja, nikautoa Jumamosi ile ya kwanza. Zile zilizooza zote zilikwenda jikoni."

Jumamosi ya kwanza mimi ndiye niliyekuwa jikoni. Tulipika makande, na nakumbuka tulisema jinsi kuni zile zilivyokuwa kavu, na jinsi moshi wake ulivyonukia.

Kesho kutwa ninapanda kwa Bibi. Nimefungasha sukari na kanga. Ninajua ataniuliza kabla sijakaa.